Kuizunguka Udzungwa: safari ya Dodoma hadi maporomoko ya Sanje

Alhamisi: Dodoma, Mtera, Iringa

Njia ya mkato ya kwenda maporomoko ya Sanje kutoka Dodoma ni kupitia Morogoro, na pale stendi ya Nanenane karibu kila mpiga debe alituelekeza huko. Sisi tulikata tiketi za Iringa. Nilitaka tuione milima ya Udzungwa kwanza kwa mgongoni, upande mkavu unaofanana na kwetu, ndipo tuizunguke tukaitazame usoni, kule inakonyeshewa. Niliyefuatana naye ni mjomba wangu, mkulima wa zabibu wa Hombolo, mtu ambaye akifika mahali popote huuliza kwanza maji yanatoka wapi.

Mwanzoni mwa Juni huku kwetu mvua imeshasahaulika. Uwele na mtama vimevunwa, mabua yamelala shambani, na upepo umeanza kupuliza vumbi. Dodoma hupata milimita 500 na kitu hivi za mvua kwa mwaka, na karibu zote hushuka kati ya Desemba na Aprili. Tulipita Mlowa, tukapita Fufu, na kila korongo tulilovuka lilikuwa mchanga mtupu. Katika moja, akina mama na watoto walikuwa wamechimba shimo la kimo cha mtu. Mmoja alikuwa chini anachota kwa kopo, wengine wanapokea juu na kumimina kwenye madumu. Maji yapo, ila yako chini ya mchanga. Jiji lenyewe nalo linaishi hivyohivyo, maana sehemu kubwa ya maji yake inavutwa kutoka visima vya Mzakwe, kwenye bonde la Makutupora.

Mtera ndiyo sehemu ya njia hii ninayoipenda kuliko zote. Unatoka kwenye vichaka vya miiba, ghafla maji yanajaa upande mmoja hadi upeo wa macho, na miti iliyokufa imesimama ndani yake tangu bonde lilipofurika. Wachuuzi walilizingira basi na mabeseni ya perege wa kukaanga. Mjomba alinunua wawili, akawala huku akiukagua mto upande wa pili wa ukuta. Bwawa hili lilijengwa kwanza kama ghala la maji kwa ajili ya mitambo ya Kidatu, iliyo mbali chini kwenye mto uleule wa Ruaha Mkuu. Mitambo ya Mtera yenyewe, ya megawati 80, ilianza kazi mwaka 1988; ya Kidatu ni megawati 204. Anayeukumbuka mgawo wa umeme wa mwaka 2006 anajua mto huu ukipungua kinachotokea majumbani.

Baada ya Migori tukaupanda mlima Nyang'oro, na jioni tukaingia Iringa kwenye baridi ambayo mjomba hakuitarajia. Tulilala mapema.

Ijumaa: Iringa, Ruaha Mbuyuni, Mang'ula

Ilula wanapanga nyanya barabarani kwenye matenga marefu, na basi likisimama dakika mbili tu madirisha yote yanageuka soko. Kisha tukateremka Kitonga. Malori yanashuka kwa gia nzito, breki zinanuka, na kadiri unavyoshuka ndivyo joto linavyokupokea.

Chini ya Kitonga mandhari inabadilika kabisa, na hapo ndipo nilipotaka mjomba akae dirishani. Kutoka Mahenge hadi Ruaha Mbuyuni ni nchi ya mibuyu. Ardhi ni nyekundu, nyasi zimekauka, na wanaolima vitunguu wanategemea maji ya mto. Kulia kwetu ilikuwa Udzungwa. Ukiitazama kwa upande huu huwezi kuamini kwamba ndiyo milima ileile ya maporomoko: miteremko ina miiba na mawe, na miti mingi ilikuwa imeshaanza kupukutisha majani. Lakini juu kabisa, kwenye ukingo, kulikuwa na mawingu. Yalikuwa yameng'ang'ania vilele na hayakuvuka kuja upande wetu.

"Yale yametoka wapi?" mjomba akauliza.

Yametoka Bahari ya Hindi. Upepo wa kusini-mashariki unaleta unyevu kutoka baharini, unapita juu ya tambarare ya Kilombero, unagonga ukuta wa Udzungwa na kulazimika kupanda. Hewa ikipanda inapoa, na ikipoa haiwezi tena kubeba mvuke wote uliomo. Unageuka wingu, unageuka mvua, na mvua inaishia upande ule wa mashariki. Inayovuka kuja magharibi ni hewa iliyokwisha kumwaga mzigo wake. Ndiyo maana miteremko ya mashariki hupata hadi milimita 2,000 kwa mwaka, na huku mgongoni inaota mibuyu. Milima mingine ya safu hii ya Tao la Mashariki, kuanzia Taita kule Kenya, kupitia Usambara, Uluguru na Rubeho, inafanya kazi hiyohiyo, na sisi wa Dodoma tunakaa nyuma yake.

Mjomba alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Kumbe tunaishi uani."

Mikumi tukashuka na kupanda gari la Ifakara. Barabara inaelekea kusini, na milima ikabaki kulia kwetu kama ilivyokuwa tangu asubuhi, nasi kama watu wanaozunguka nyumba wakitafuta mlango. Kidatu tukauvuka Ruaha Mkuu kwa mara nyingine, maji yaleyale ya Mtera yakiwa yameshapita kwenye mitambo. Ng'ambo ya daraja ikaanza miwa ya Kilombero, kijani hadi macho yanachoka, na matrekta yenye matela ya miwa yakatupunguza mwendo. Baada ya Mkula hewa ilibadilika. Ngozi ililowa, madirisha yakaingia ukungu, na msitu ukawa umesogea hadi karibu na migomba ya watu. Tulifika Mang'ula mvua inanyesha.

Jumamosi: Mang'ula

Ilinyesha usiku kucha, ikaendelea hadi karibu adhuhuri. Si mvua ya kwetu inayokuja na radi, kupiga nusu saa na kuondoka. Hii ilishuka taratibu bila haraka yoyote, na watu waliendelea na shughuli zao.

Tulikwenda ofisi za hifadhi kupanga safari ya kesho na kupata mwongozaji. Hifadhi ya Taifa ya Milima ya Udzungwa ilianzishwa mwaka 1992, ina kilomita za mraba 1,990, na huwezi kuitalii kwa gari. Ndani yake unatembea kwa miguu. Msitu wake unaanza kwenye mita zipatazo 250 juu ya usawa wa bahari na kupanda hadi zaidi ya mita 2,000 bila kukatika. Misitu ya aina hiyo, yenye miti mfululizo kutoka bondeni hadi milimani, imebaki michache sana Afrika Mashariki. Kilele cha juu, Luhomero, kina mita 2,576.

Mchana tulikula wali na kisamvu kwa mama mmoja mwenye kibanda karibu na barabara. Mjomba alimsifia kwa neema ya maji. Yule mama akageuza mwiko, akajibu kwamba maji kwao si shida, vita ni kuni. Zamani waliruhusiwa kuingia msituni siku moja kwa wiki kuokota kuni zilizoanguka. Mwaka 2011 ruhusa hiyo ikafungwa. Tangu hapo amepanda mijohoro nyuma ya nyumba, anakata matawi kwa zamu, na bado ananunua mkaa. "Msitu wameutunza, shikamoo yao," alisema, "lakini aliyelipa ni mwanamke wa jikoni."

Nimeyaandika maneno yake kwa sababu mgeni anayekuja kuyastaajabia maporomoko haambiwi habari hii, na anapaswa kuijua. Nilitoka pale nikiuheshimu msitu zaidi, na nikimheshimu zaidi yule mama.

Jumapili: Sanje

Kijiji cha Sanje kiko mwendo mfupi kaskazini mwa Mang'ula, kwenye barabara tuliyokuja nayo. Ijumaa mawingu yalikuwa yameyaficha maporomoko. Leo anga lilikuwa limefunguka, na tukiwa bado barabarani tuliuona mstari mweupe umesimama katikati ya mlima wa kijani.

Mwongozaji wetu, kijana mzaliwa wa hukohuko bondeni, alimwamkia mjomba shikamoo, akamtazama viatu, kisha akatuambia tuchomeke suruali ndani ya soksi kwa ajili ya siafu. Tukaanza kupanda. Njia ni nyembamba na ina mizizi, na palipo na mwinuko mkali wameweka ngazi za magogo. Miti mingine ilikuwa na mizizi bapa inayotoka shinani na kusimama juu kuliko mjomba. Ukiingia kati ya miwili hakuna anayekuona. Sehemu moja tembo walikuwa wamepita, wakaacha kinyesi na mianzi iliyovunjwa. Nilishangaa mnyama wa ukubwa ule anapandaje kilima kile.

Mbega wekundu walikuwa juu yetu karibu njia nzima. Wana kishungi chekundu kichwani, wanakula majani wakitazama chini bila woga, na wanaishi katika milima hii tu, hakuna pengine duniani. Aliyekuwa akitafutwa na mwongozaji ni kima mwingine, yule anayeitwa mangabey wa Sanje. Mwaka 1979 watafiti Katherine Homewood na Alan Rodgers walikuwa kwenye msitu huu wa Mwanihana wakasikia mlio wasioutambua. Wenyeji walimjua mnyama huyo siku zote, wakimwita n'golaga, ila sayansi haikuwa na habari zake. Hata leo anajulikana kuishi katika misitu miwili tu, huu na ule wa Uzungwa Scarp ulio kusini-magharibi. Tulisimama, tukasikia mlio mzito ukijibizana mbali kidogo. Hatukuwaona, na mwongozaji hakutaka tutoke njiani kuwafuata.

Kabla ya kufika kwenye maporomoko tulivuka kijito kidogo, hatua tatu tu kwa upana, na hapo mjomba akasimama. Aliinama, akakinga maji kwa viganja, akayatazama juani, akayamwaga, akakinga mengine.

"Mvua ya mwisho kunyesha hapa ni lini?"

"Jana, mzee. Usiku kucha na asubuhi."

"Na haya yamesafishwa na nani?"

Lilikuwa swali la kweli. Kwetu mvua ya saa moja inaliamsha korongo lote. Maji yanakuja mekundu, yanabeba mchanga, mabua, wakati mwingine mbuzi, na kufikia jioni yameisha, kimebaki kipande cha tope. Hapa ilikuwa imenyesha nusu ya siku na kijito kilikuwa kisafi, kinapita kwa sauti ileile kama vile hakikupata habari.

Mwongozaji alimshika mjomba mkono, akampeleka pembeni mwa njia na kumwonyesha ardhi. Tulichuchumaa sote. Juu kabisa kulikuwa na majani makavu yaliyoanguka karibuni. Alipoyafunua, chini yake yalikuwepo mengine yaliyolowa, yameshikana, mengine yametobolewa na kubaki mishipa mitupu. Chini ya hayo, kitu cheusi kisicho jani wala udongo, kimesukwa na vijizizi vyeupe vyembamba kuliko uzi. Mjomba aliingiza vidole vikazama hadi kwenye kifundo cha mkono. Alichota konzi moja, akaikamua, na maji yakachuruzika kati ya vidole vyake hadi kwenye kiwiko.

"Mvua haiigusi ardhi, mzee," kijana akasema. "Inapokewa na majani ya juu, inashuka kwenye shina, inaingia humu. Itatoka kwenye kijito baada ya siku, nyingine baada ya miezi. Septemba hapa hakuna mvua, lakini Sanje inamwaga." Akaongeza kwamba ukungu nao ni maji: huko juu zaidi majani yanaunasa, unadondoka matone hata siku ambazo mvua haikunyesha.

Mjomba alibaki amechuchumaa muda mrefu. Mimi nami nilikuwa nimeshasoma haya yote kwenye vitabu vya shule, na sikuwahi kuyaelewa hadi nilipoona mkono wake umelowa.

Maporomoko yenyewe yanashuka mita 170 kwa ngazi tatu. Huwezi kuyaona yote kwa pamoja ukiwa ndani ya msitu; unayapata kipande kwa kipande, na kila kipande kina tabia yake. Kwenye ngazi ya juu maji yanaachia mwamba na kuanguka wima hadi kwenye bwawa. Mngurumo unauhisi kifuani kabla ya kuuona. Maji yanayoanguka yanasukuma hewa, hiyo hewa inatoka bwawani kama upepo wa kudumu, na majani yote ya karibu hayatulii. Mawe yamevikwa kuvumwani, na kwenye mipasuko ya mwamba mimea imeota kichwa chini. Tulivua viatu tukaingia. Baridi ya maji yale ilinikata pumzi. Mjomba alijitosa hadi kiunoni akiwa na shati lake, akasimama uso kwa uso na maporomoko, amefumba macho. Kijana alitaka kumwita asisogee zaidi, akaghairi.

Ngazi ya kati ni fupi na pana zaidi, maji yanatandaza kwenye mwamba kabla ya kukusanyika tena. Ya mwisho hatukuiona kwa mbele, tuliiona kwa juu: tulifika mahali ambapo mto unaishia hewani. Mwongozaji alituzuia mbali na ukingo, kwa haki kabisa, kwa sababu mwamba wenye maji na ukoga hauna huruma na mtu. Kutoka hapo bonde lote la Kilombero liko wazi: miwa kwa vipande, mashamba ya mpunga, mabati ya Sanje yanang'aa, na njia ya reli ya TAZARA, iliyojengwa kati ya 1970 na 1975, ikikata tambarare kuelekea upande wa Hifadhi ya Nyerere. Maji yaliyotupita miguuni yalikuwa yakienda kule. Vijiji vingi vya chini vinakunywa vijito vya mlima huu, na mpunga unaoliwa Dodoma, ule wenye harufu nzuri tunaoupigania sokoni, mwingine unatoka kwenye bonde hili.

Kushuka kulituchosha magoti. Tulipofika barabarani mawingu yalikuwa yamerudi, na ngazi zote tatu zimefunikwa.

Jumatatu: kurudi

Basi la alfajiri hadi Morogoro, kisha treni ya SGR hadi Dodoma. Treni ni ya haraka mno kwa mtu anayetaka kutazama, lakini mjomba alikaa dirishani na hakusinzia. Kilosa bado kulikuwa kijani. Tukaingia kwenye mahandaki, tukatoka, na kila tulipotoka nchi ilikuwa imepauka zaidi kidogo. Kufikia Gulwe mto ulikuwa mchanga.

Mto huo ni Kinyasungwe. Chanzo chake kiko kwetu. Hata bwawa la Hombolo, lililojengwa 1957, liko kwenye tawi lake, na kila mwaka linazidi kujaa mchanga. Mwishoni mwa 2009 na mwanzoni mwa 2010 mafuriko yaliikata reli ya zamani maeneo haya ya Kilosa na Gulwe, na mjomba anayakumbuka vizuri. "Lile tope lilikuwa shamba la mtu," alisema. Akaanza kunisimulia habari za HADO, mradi wa hifadhi ya ardhi ulioanza mkoani mwetu 1973, na jinsi mifugo ilivyoondolewa kwenye eneo lililomomonyoka la Kondoa mwaka 1979. Watu walilalamika sana, alisema, na walikuwa na sababu. Lakini yeye alikwenda Kondoa miaka mingi baadaye kwenye msiba, akakuta miti palipokuwa na makorongo.

Hakuna atakayeigeuza Hombolo kuwa Sanje. Upepo unaotufikia umeshamwaga maji yake njiani, na hilo halina dawa. Ila zile milimita 500 na kitu tunazopata, tunaziacha zipite siku hiyohiyo pamoja na udongo wetu, na hilo lina dawa.

Jumamosi iliyofuata: Hombolo

Nilimfuata mjomba shambani, nikamkuta upande wa korongo na panga na fundo la vitambaa. Wanaiita kisiki hai, na vijiji vingi vya Dodoma wanaifanya siku hizi. Mgunga uliokatwa haufi. Mizizi iko chini, na kila mwaka unachipua vijiti ishirini ambavyo mbuzi wanavila. Alikuwa anachagua vijiti vitatu au vinne vilivyonyooka katika kila kisiki, anakata vingine vyote, anapogoa matawi ya chini, kisha anafunga kitambaa chekundu ili mtu ajue una mwenyewe. Majani aliyokata hakuyachoma. Aliyatandaza chini palepale.

Shida ni mbuzi wa jirani. Alasiri tulikwenda kuongea naye, tukakaa kwenye vigoda, tukanywa uji wa uwele, na mazungumzo yakachukua muda kwa sababu njia ile ya korongo ndiyo fupi kwenda kisimani. Wakakubaliana hivi: mbuzi watazungukia upande wa barabara hadi mvua zianze, na mjomba atampa mabua yote ya mtama wa mwaka huu. Jirani akauliza vile vitambaa vinapatikana wapi, maana naye ana visiki.